Roketi Hufeli Mara Ngapi? Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Jumamosi ya tarehe 15 Aprili 2023, saa tatu na dakika 48 asubuhi kwa saa za Nairobi, setilaiti yetu ya Kenya, Taifa-1, iliondoka California ikiwa ndani ya roketi ya Falcon 9 ya kampuni ya SpaceX ya Marekani. Sisi tulikuwa Umoja kwa shangazi yangu, tumeizunguka simu moja iliyoegemezwa kwenye thamosi ya chai. Injini zikiwa karibu kuwaka, shangazi akaniuliza, "Na ikilipuka je, mwanangu?" Nikamwambia haiwezi kulipuka. Lilikuwa jibu la kumnyamazisha tu, na mwalimu wa fizikia hapaswi kujibu hivyo. Tangu siku hiyo nimeulizwa swali lake kwa namna nyingi, darasani, kwenye matatu, hata kwenye matanga. Haya ndiyo majibu ambayo ningempa kama ningekuwa na nafasi.

Kwa ufupi basi, roketi za siku hizi hufeli mara ngapi?

Niambie kwanza ni roketi gani, na iko safari ya ngapi. Roketi bora zilizokomaa hufeli mara moja hivi katika safari mia, au chini ya hapo. Roketi inayoruka kwa mara ya kwanza hufeli mara nyingi kiasi kwamba wanaozifuatilia hawashtuki tena.

Chukua Falcon 9 iliyobeba Taifa-1. Ilianza kuruka Juni 2010, na kufikia mwisho wa 2024 ilikuwa imeruka zaidi ya mara 400. Katika safari hizo, mbili zilipoteza mzigo wake mkuu njiani, ya Juni 2015 na ya Julai 2024. Ongeza moja iliyolipuka jukwaani Septemba 2016 ikiwa bado inaandaliwa kwa majaribio, setilaiti ikiwa juu yake. Wengine huihesabu hiyo, wengine huiacha kwa kuwa haikuwa imeruka. Mwenye setilaiti nadhani huihesabu.

Kufaulu maana yake nini hasa?

Hapa ndipo watu hugombana, na ugomvi wenyewe una maana.

Kazi ya roketi ni kufikisha mzigo kwenye mzingo uliokubaliwa, yaani njia ya kuizunguka dunia, kwa kasi na urefu uliokubaliwa. Kwa mizingo ya chini tunazungumzia kasi ya kilomita 28,000 hivi kwa saa. Roketi ikipasuka, kila mtu anajua imefeli. Lakini kuna safari nyingi za katikati, ambazo mwenye roketi huzieleza kwa sauti moja na mwenye mzigo kwa sauti nyingine.

Agosti 2014, roketi ya Urusi ya Soyuz iliyorushwa kutoka Kourou, Guyana ya Ufaransa, iliziacha setilaiti mbili za Galileo, mfumo wa Ulaya wa kuonyesha mahali, kwenye mzingo usio wao. Katika hatua ya juu ya roketi hiyo (roketi huundwa kwa vipande vinavyoachana njiani, kila kimoja huitwa hatua), bomba la mafuta lilikuwa limefungwa karibu mno na bomba la heliamu baridi, mafuta yakaganda. Je, ilifeli? Kwa karatasi, ndiyo. Lakini setilaiti zilikuwa hai, zikasogezwa kidogo kwa mafuta yake zenyewe. Kisha wanasayansi wakagundua kwamba ule mzingo wa kombo, unaopanda na kushuka, unafaa sana kupima jinsi mvutano wa dunia unavyobadilisha mwendo wa saa. Kosa la fundi bomba likawasaidia wanaochunguza nadharia ya Einstein.

Januari 2018, Ariane 5 ilienda upande usiofaa kwa sababu pembe moja iliingizwa vibaya kwenye mfumo wake wa kujielekeza. Roketi ilifuata maagizo kikamilifu, ila maagizo yenyewe yalikuwa ya safari nyingine. Setilaiti zake mbili zilijisogeza zenyewe baadaye hadi mahali pake. Oktoba 2024, roketi mpya ya Marekani ya Vulcan ilipoteza sehemu ya mdomo wa injini yake moja ya pembeni muda mfupi baada ya kuruka, cheche zikatawanyika, na bado ikafika ilikokuwa ikienda. Ile ya Ariane huandikwa kuwa imefeli nusu. Ya Vulcan huandikwa kuwa imefaulu. Ukiona jedwali la rekodi, kwanza tafuta aliyelitunga anahesabu vipi.

Mbona asilimia peke yake haitoshi?

Kwa sababu inachanganya utoto na utu uzima. Mfano ninaoupenda ni huohuo wa Ariane 5, ya Ulaya, iliyoruka mara 117 kati ya 1996 na Julai 2023. Matokeo ya jumla ni mbili zilizofeli kabisa na tatu zilizofeli nusu, kwa hiyo imefaulu takriban asilimia 96. Si haba.

Sasa igawe mara mbili. Katika safari 14 za kwanza, nne zilikuwa na matatizo. Katika safari 103 zilizofuata, moja tu, ile ya Januari 2018. Jina ni lilelile, lakini kwa kutegemeka hizo ni roketi mbili tofauti. Mtu aliyekuwa akipakia mzigo mwaka 2002 alikuwa akicheza kamari, na yule wa 2015 alikuwa kama anayepanda treni. Ndiyo maana Darubini ya angani ya James Webb, iliyogharimu takriban dola bilioni 10, iliwekwa juu ya Ariane 5 siku ya Krismasi ya 2021. Roketi iliilenga njia yake kwa usahihi mkubwa hata darubini ikaokoa mafuta mengi, na maisha yake yakarefuka.

Shangazi alilielewa jambo hili haraka kuliko wanafunzi wangu wa kidato cha nne. Alisema dereva wa matatu aliyegonga mara nne mwaka wake wa kwanza, kisha akaendesha miaka kumi na tano bila kugonga, humpimi kwa kuijumlisha miaka yote. Unauliza alibadilisha nini.

Kwa hiyo safari ya kwanza ni hatari kweli?

Kweli kabisa. Ariane 5 yenyewe ilidumu sekunde 37 hivi tarehe 4 Juni 1996 kabla ya kugeuka vibaya na kujilipua, ikiwa na setilaiti nne za kisayansi za Cluster. Falcon 1, mama yake Falcon 9, ilifeli mara tatu mfululizo kabla ya kufika kwenye mzingo Septemba 2008. H3 ya Japani ilifeli Machi 2023 injini ya hatua ya pili ilipokataa kuwaka, ikaja kufaulu Februari 2024.

Ninayoihurumia zaidi ni Electron ya New Zealand. Mei 2017 ilikuwa ikipanda vizuri, haina kasoro yoyote. Kifaa cha ardhini cha kupokea taarifa zake kilikuwa kimepangwa vibaya, taarifa zikakatika, na maafisa wa usalama, wasiojua tena iko wapi, wakalazimika kuikatisha. Roketi nzima ilipotea kwa kosa la mpokea simu. Rekodi inasema ilifeli, na rekodi haikosei, ila haikuambii yote.

Zipo zinazofaulu mara ya kwanza. Vulcan ilifanya hivyo Januari 2024, na New Glenn, nyingine ya Marekani, ikafika kwenye mzingo Januari 2025, ingawa hatua yake ya kwanza ilipotea ikijaribu kutua.

Ni nini hasa huharibika?

Watu hutarajia niseme injini. Injini huharibika, ndiyo, lakini ukisoma ripoti za uchunguzi utachoka kukutana na vitu vidogo ambavyo fundi yeyote wa Gikomba angevitambua.

Tuanze na Ariane 5 ya 1996. Programu ya kompyuta ya kuielekeza ilichukuliwa kutoka Ariane 4 bila kupimwa upya kwa mwendo wa roketi mpya, iliyokuwa na kasi zaidi. Namba moja ilikua hadi haikutosha kwenye nafasi iliyotengewa, kama kumimina debe la maziwa ndani ya kikombe. Kompyuta ikajizima, na ile ya akiba, yenye programu ileile, ilikuwa imeshajizima kwa sababu hiyohiyo. Kilichoniuma nilipokisoma ni hiki: hesabu iliyofurika haikuwa na kazi yoyote baada ya roketi kuruka. Iliachwa iendelee tu.

Julai 2013 Proton ya Urusi iliondoka Baikonur, Kazakhstan, ikayumba, ikalala upande na kuanguka mbele ya kamera za runinga ikiwa na setilaiti tatu za GLONASS, mfumo wa Urusi wa kuonyesha mahali. Vihisi vitatu vya kupima mgeuko vilikuwa vimefungwa juu chini. Viliundwa visiweze kuingia vikiwa hivyo, lakini wachunguzi walikuta dalili kwamba vililazimishwa.

Novemba 2020 ikawa zamu ya Vega ya Ulaya. Nyaya za kugeuza injini ya hatua ya juu zilikuwa zimebadilishana nafasi, kwa hiyo kila kompyuta ilipoagiza upande mmoja, injini ilienda upande wa pili, na kila ilipojaribu kusahihisha ilizidisha kosa. Setilaiti ya Hispania na ya Ufaransa zikapotea.

Kisha ile Falcon 9 ya 2015. Ndani ya tangi la oksijeni la hatua ya pili kulikuwa na chupa za heliamu zilizoshikiliwa na vyuma vyembamba. Kimoja kilivunjika kwa nguvu ya kama moja ya tano ya ile kilichotakiwa kuhimili. Kampuni ilimlaumu aliyekiuza. NASA, shirika la anga la Marekani, ilipochunguza yenyewe ikasema kosa lilianza kwenye uamuzi wa kutumia chuma cha viwandani, badala ya cha vyombo vya anga, bila kukipima vya kutosha. Aliyewahi kununua spea Kirinyaga Road kwa kuangalia bei pekee anaielewa ripoti hiyo bila mkalimani.

Na ya Julai 2024? Kibano kilichokuwa kimelegea kikaacha bomba jembamba la kihisi litikisike hadi likapata ufa, oksijeni ikavuja, na setilaiti 20 za intaneti za Starlink zikabaki chini mno. Hayo yalitokea baada ya safari zaidi ya 300 mfululizo bila kufeli. Siku 15 baadaye roketi ikaruka tena, na bomba hilo limeondolewa, kwa kuwa kihisi chake hakikuwa cha lazima.

Ndiyo maana nawaambia wanafunzi wasikariri asilimia. Waulize baada ya kufeli ilichukua muda gani kujua sababu, na kama sababu hiyo ilirudi tena.

Roketi iliyotumika si kama mtumba? Kwa nini mtu aweke mzigo wake huko?

Swali hili huja na kicheko, lakini ni zuri. Hatua ya kwanza ya Falcon 9 hurudi na kutua. Ilifanya hivyo kwa mara ya kwanza Desemba 2015, na Machi 2017 ikaruka tena iliyokwisha kutumika. Taifa-1 yenyewe ilipanda juu ya hatua iliyokuwa imeruka kabla.

Mtumba wa Gikomba huujui ulivaliwa na nani wala ulifuliwa vipi. Hapa mwenye roketi ni yuleyule, ana kumbukumbu za kila mtetemo wa kila safari, na baada ya kutua huigusa na kuikagua. Roketi za zamani zilizama baharini na siri zake. Kwa wengi wa wateja, hatua iliyokwisha kuruka salama imeonyesha kwamba haina kasoro ya kiwandani.

Tofautisha kutua na kufaulu, lakini. Agosti 2024 hatua moja ilipinduka na kuwaka moto ikitua baharini baada ya safari yake ya 23. Vichwa vya habari vikapiga kelele. Mzigo ulikuwa umefika salama, na kwenye rekodi ya urushaji hiyo ni safari iliyofaulu.

Taifa-1 iliahirishwa. Hilo halikuwa dalili mbaya?

Hapana. Kuahirisha ni ishara kwamba breki zinafanya kazi. Upepo wa juu ukizidi, au kihisi kimoja kikisema jambo lisiloeleweka, husimamishwa. Nilikuwa na wasiwasi zaidi na yule ndugu yetu aliyekwisha kuchinja mbuzi siku ya kwanza.

Starship, roketi kubwa mpya ya SpaceX, hulipuka kila mara. Huko si kufeli?

Si kila mara. Aprili 2023 ililipuka, Oktoba 2024 hatua yake ya chini ilirudi na kudakwa na mikono ya mnara, Januari na Machi 2025 sehemu ya juu ikapotea, Agosti 2025 safari ikaenda vizuri. Inajaribiwa kwa kurushwa, bila mizigo ya wateja, na wenyewe wanapendelea kujifunza hivyo kuliko kukaa miaka mingi mezani. Mimi naona ni njia halali ya kujifunza, ila sikubaliani na wanaosema basi isihesabiwe. Vipande vyake vimewahi kulazimisha ndege za abiria kugeuza njia juu ya Karibi. Abiria wa ndege hizo hawakuwa sehemu ya majaribio.

Zikibeba watu je?

Vyombo vya Marekani vya Space Shuttle viliruka mara 135 na viwili vikapotea pamoja na watu saba kila kimoja, Challenger tarehe 28 Januari 1986 na Columbia tarehe 1 Februari 2003. Hiyo ni kama mara moja katika kila safari 67. Baada ya ajali ya Challenger, mwanafizikia Richard Feynman aliyekuwa kwenye tume ya uchunguzi aligundua kwamba wakubwa wa ofisini walikuwa wakikadiria hatari ya moja katika 100,000, huku wahandisi wakisema kama moja katika 100. Hesabu ya miaka iliyofuata ilionyesha nani alikuwa karibu na ukweli.

Kwa safari za watu kuna hesabu nyingine kabisa, ya kutoroka. Oktoba 2018 roketi ya Soyuz iliharibika dakika mbili baada ya kuondoka Baikonur, kipande chake cha pembeni kilipogonga kiini kwa sababu ya pini ya kihisi iliyopinda. Roketi ilifeli kabisa. Kapsuli iliwachomoa Aleksey Ovchinin na Nick Hague, wakatua wakiwa salama, na miezi mitano baadaye wakapanda tena roketi ya aina hiyohiyo. Shuttle haikuwa na njia kama hiyo.

Kenya imewahi kurusha chochote?

Kutoka kwenye maji yetu, ndiyo, ingawa roketi zilikuwa za Marekani na kituo kilikuwa cha Waitaliano. Jukwaa la San Marco, mbele ya Ngomeni karibu na Malindi, lilirusha setilaiti tisa kati ya Aprili 1967 na Machi 1988 kwa roketi ndogo za Scout. Mojawapo iliondoka tarehe 12 Desemba 1970, sikukuu ya uhuru, ikaitwa Uhuru. Ndiyo setilaiti ya kwanza duniani iliyotengwa kuchunguza miale ya eksirei kutoka angani. Eneo lenyewe lina faida: karibu na ikweta dunia huisukuma roketi ielekeayo mashariki kwa takriban mita 465 kwa sekunde, bure.

Tisa kwa tisa. Wakenya wengine huniambia kwa fahari kwamba basi San Marco ina asilimia mia. Fahari ni halali, lakini hebu tupige hesabu. Roketi inayofeli mara moja katika kila kumi ina uwezekano wa 0.9 kuzidishwa kwa yenyewe mara tisa, yaani kama asilimia 39, wa kupita safari tisa bila tatizo. Tisa ni chache mno kumtenganisha fundi hodari na mwenye bahati. Na Scout hiyohiyo iliporushwa kutoka kwingine iliwahi kufeli. Kila kampuni mpya inapotangaza kwamba imefaulu mara nne kwa nne, ikumbuke hesabu hii.

Kile chuma kilichoanguka Makueni kilitoka kwenye roketi iliyofeli?

Pete ile ya karibu kilo 500, yenye kipenyo cha mita 2.5 hivi, ilianguka kijiji cha Mukuku tarehe 30 Desemba 2024. Shirika la Anga za Juu la Kenya lilisema mwanzoni kwamba inaonekana kuwa pete ya kutenganisha sehemu za roketi, na asili yake ikaendelea kubishaniwa. Lakini jua hili kwa jumla: vipande vingi vinavyorudi kutoka kwenye mzingo ni vya roketi zilizofaulu. Hatua ya juu humaliza kazi, huachwa huko, na miezi au miaka baadaye hushuka inapotaka. Ariane 6 ilipoanza kuruka Julai 2024 ilitoa setilaiti zake, kisha kifaa cha kuiwezesha kuwasha injini mara ya mwisho kikagoma, hatua ya juu ikabaki angani. Wenyewe walitangaza kwamba safari hiyo imefaulu. Mkulima anayekuta chuma shambani angetaka jedwali liwe na safu moja zaidi, na mimi namuunga mkono.

Naweza kuona urushaji nikiwa Nairobi?

Kuruka kwenyewe, hapana, isipokuwa kwenye simu. Lakini siku chache baada ya Starlink kurushwa, setilaiti hupita zikiwa zimefuatana kama taa za msafara wa malori kwenye barabara ya Mombasa. Toka nje saa moja na nusu hivi jioni, au alfajiri kabla ya jua, uende mahali ambapo taa za mtaa hazikuzibi, na uombe mawingu ya Julai yakuhurumie. Shangazi aliziona akiwa kwenye paa la nyumba yake Umoja, akaniita mbio, na nilipofika ngazi ya tatu zilikuwa zimekwisha kuingia kivulini.